Faili Lako Lipo, Wewe Hujaliona

Mtumishi wa umma anayekwenda benki hapa Dodoma kuomba mkopo hubeba makaratasi yanayojulikana na kila mtu: hati za mshahara za miezi mitatu, barua ya mwajiri, nakala ya kitambulisho cha taifa, picha ndogo mbili. Ofisa mikopo huyapokea, huyapanga juu ya meza, kisha huigeukia kompyuta yake na kukaa kimya kidogo. Katika ukimya ule anasoma karatasi nyingine ambayo mwombaji hakuileta, hakuiandika, na yamkini hajapata kuiona maishani mwake. Humo mna habari za madeni yake: alikopa wapi, kiasi gani, alilipaje, alichelewa siku ngapi. Ofisa akiinua kichwa na kusema, "Mfumo umekataa, mzee wangu," mazungumzo huishia hapo.

Neno hilo "mfumo" linanisumbua. Mfumo haukatai mtu. Anayekataa ni benki, kwa kutegemea taarifa iliyotumwa na mkopeshaji mwingine, iliyochakatwa na kampuni yenye leseni, chini ya kanuni zilizotungwa na Benki Kuu. Kila kiungo katika mnyororo huo kina jina, anwani na wajibu wa kisheria. Lakini mwananchi akishaambiwa "mfumo", hujiona kama mtu aliyegombana na mvua. Hushukuru, huchukua bahasha yake, na jioni yake humpigia simu mkopeshaji wa mtaani ambaye hana haja ya mfumo wala karatasi, maana yeye hushika kadi ya benki na namba yake ya siri.

Kila mwaka huwauliza wanafunzi wangu wa mwaka wa tatu ni nani amewahi kuomba na kuisoma taarifa yake ya mikopo. Mikono huwa ya kuhesabu, na miaka mingine haupo hata mmoja. Nikiuliza ni nani amewahi kukopa kwa simu, darasa hucheka, na kicheko hicho kinatosha kuwa jibu. Hawa ni vijana ambao baada ya miaka miwili au mitatu watakuwa walimu, maofisa mipango, wahasibu wa halmashauri. Wanaingia katika uchumi wa mikopo wakiwa na faili lililokwisha kufunguliwa kwa majina yao, na hawajui hata nani analitunza.

Basi tuanze na nani analitunza. Sheria ya Benki Kuu ya Tanzania, Na. 4 ya mwaka 2006, iliipa Benki Kuu mamlaka ya kusimamia utaratibu wa taarifa za wakopaji. Kanuni zilifuata mwaka 2012, nazo zilikuwa za namna mbili: moja zikihusu kanzidata ya taarifa za wakopaji iliyoko Benki Kuu yenyewe, nyingine zikihusu kampuni binafsi zinazochakata na kuuza taarifa hizo. Mabenki na taasisi za fedha zinalazimika kupeleka kwenye kanzidata habari za mikopo waliyoitoa, iwe inalipwa vizuri au vibaya. Kampuni zenye leseni huzichukua, huziunganisha kwa jina la mtu mmoja mmoja pamoja na taarifa nyingine wanazopata kwa wakopeshaji wanaojiunga kwa hiari, kisha huwapa wakopeshaji ripoti kwa malipo. Kampuni mbili za mwanzo kupata leseni nchini ni Creditinfo Tanzania na Dun & Bradstreet Credit Bureau Tanzania. Kazi yao kimsingi ni ya karani: kukusanya, kupanga, kusoma kwa sauti. Hawatoi mkopo na hawanyimi mkopo. Jambo hilo ni la kushika, kwa sababu mara nyingi malalamiko yetu huenda kwenye mlango usiohusika.

Majina hayo mawili yana historia yake, nami nitasimama hapo kidogo. Creditinfo ilizaliwa Iceland miaka ya 1990. Ile ya pili ina ukoo mrefu zaidi. Mwaka 1841 mfanyabiashara wa New York aitwaye Lewis Tappan, ambaye pia alikuwa mpiganaji maarufu wa kukomesha utumwa, alianzisha wakala wa kukusanya habari za wafanyabiashara wa miji ya mbali, baada ya mtikisiko wa kiuchumi wa mwaka 1837 kuwaacha wenye maduka ya jumla na madeni yasiyolipika. Alitumia mawakili wa mijini humo kama waandishi wake, akiwemo kijana mmoja wa Illinois aitwaye Abraham Lincoln. Waandishi hao waliandika juu ya mtaji wa mtu, lakini pia waliandika kama anakunywa pombe, kama ameoa vizuri, kama ni mtu wa kuaminika machoni pa majirani. Aliyeandikwa hakuonyeshwa. Wakala huo ndio, baada ya kubadilika majina na kuungana na mshindani wake mwaka 1933, ukawa Dun & Bradstreet. Na Wamarekani walingoja hadi mwaka 1970 ndipo Bunge lao likapitisha sheria ya kumpa raia wa kawaida haki ya kujua kilichoandikwa juu yake na kukipinga. Hesabuni wenyewe: miaka 129 tangu daftari la Tappan hadi haki ya kulifungua.

Sisi tulikwenda kwa mwendo wa kasi zaidi katika maandishi. Katika matendo sina hakika kwamba tumempita Tappan kwa mbali.

Nisieleweke vibaya. Simo katika kundi la wanaotaka utaratibu huu ufutwe. Mwaka 2017 mikopo chechefu, yaani ile ambayo marejesho yake yamechelewa kupita siku 90, ilivuka asilimia 10 ya mikopo yote ya mabenki yetu, mara mbili ya kiwango cha asilimia 5 ambacho Benki Kuu inakitaka. Hasara hiyo haikuliwa na mabenki peke yao. Ililipwa na mwalimu wa Kongwa na muuguzi wa Manyoni kwa njia ya riba kubwa, maana benki isiyoweza kumtofautisha mlipaji na mkimbiaji huwatoza wote kama wakimbiaji. Kufikia mwisho wa mwaka 2024 uwiano huo ulikuwa umeshuka chini ya asilimia 5, na matumizi ya taarifa za wakopaji ni sehemu ya sababu, ingawa si sababu yote.

Kuna hoja nyingine ambayo kwangu ina uzito kuliko hiyo ya mabenki. Sehemu kubwa ya watu wa nyanda hizi za kati hawana hatimiliki. Nyumba ya tembe ya Bahi, shamba la uwele la Mvumi, mbuzi thelathini wa Chamwino, hivyo vyote ni mali, ila si dhamana machoni pa benki. Mama anayeuza nyanya pale soko la Majengo, aliyekopa mara nne na kulipa mara nne, ana kitu kimoja tu cha kuiweka mezani: uaminifu wake. Taarifa ya mikopo iliyotunzwa vizuri huugeuza uaminifu huo kuwa karatasi inayosomeka na mtu asiyemjua. Kwa maskini, historia ya kulipa ni mali. Ndiyo maana ikiharibiwa na uzembe wa karani fulani, hiyo si bahati mbaya ya kiofisi. Mtu ameibiwa.

Na huharibiwa namna gani? Njia ni za kawaida mno.

Ya kwanza ni majina. Nchi hii ina akina Juma Hamisi Juma wa kutosha kujaza Uwanja wa Jamhuri. Kwa miaka mingi watu walikopa kwa kitambulisho cha mpiga kura, cha kazi, au barua ya mtendaji wa mtaa, na kila karani aliandika alivyosikia. Hapa kwetu tatizo linazidi kwa sababu ya lugha. Jaribuni kumtajia karani aliyetoka pwani jina la Kigogo lenye "ngh" mara mbili, muone atakavyoliandika. Kata iliyo jirani na Chuo Kikuu cha Dodoma, Ng'hong'honha, nimeiona imeandikwa kwa namna nne katika nyaraka za serikali peke yake. Kompyuta inayolinganisha jina, tarehe ya kuzaliwa na anwani inaweza kumgawa mtu mmoja kuwa wawili, au kuwaunganisha wawili kuwa mmoja. Namba ya kitambulisho cha taifa inapunguza tatizo hili kwa mikopo mipya. Mikopo ya zamani bado inabeba tahajia za zamani.

Ya pili inawahusu watumishi wa umma hasa, na katika mji huu ambao tangu mwaka 2016 umepokea wizara zote na familia zao, inahusu watu wengi. Ni mkopo unaohamishwa. Benki ya pili inakubali kulinunua deni lako la benki ya kwanza na kukuongezea kidogo juu. Benki ya kwanza inatoa barua ya salio la tarehe fulani. Malipo yanafika siku tisa baadaye. Riba ya siku tisa inabaki, labda shilingi elfu kumi na nne. Hakuna anayekujulisha, makato ya mshahara yamekwisha hamia kwingine, na deni lile dogo linaanza kuhesabu siku. Likivuka 90, wewe ni mdaiwa wa mkopo chechefu. Kisha kuna makato yanayochelewa: mwajiri amekata kwenye mshahara wako tarehe 23, fedha zimefika benki mwezi unaofuata, na katika kumbukumbu aliyechelewa ni wewe, siyo aliyekata.

Ya tatu ni udhamini. Watu wetu hudhamini kwa heshima. Shemeji akija na fomu jioni, unaandika sahihi kabla chai haijapoa, kwa kuwa kukataa ni kumvunjia uso. Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, haijui habari za ushemeji. Isipokuwa mkataba useme vinginevyo, wajibu wa mdhamini unalingana na wa mkopaji mwenyewe.

Mimi niliomba taarifa yangu miaka michache iliyopita, kwa udadisi wa kitaaluma zaidi kuliko wasiwasi. Nilikuta mkopo niliokwisha kuumaliza katika benki moja, nao nina barua ya kuthibitisha kwamba umekwisha, bado unaonekana una salio. Benki iliniambia niwasiliane na kampuni ya taarifa. Kampuni ikaniambia, kwa adabu, kwamba yenyewe huonyesha kilicholetwa na benki. Wote wawili walisema kweli, na hapo ndipo ugumu ulipo. Nilirudi benki na barua ya kurasa mbili, nikaambatanisha nakala ya barua yao wenyewe, nikataja kanuni. Marekebisho yalichukua takriban wiki saba. Mimi nina shahada ya uzamivu, nina kompyuta, nina muda wa kuandika barua za kurasa mbili. Fundi cherehani wa Chang'ombe angefanya nini?

Angekuwa na haki zilezile nilizo nazo, na afadhali tuziseme kwa lugha anayoielewa.

Kanuni za mwaka 2012 zinamtambua mwenye taarifa. Ana haki ya kuiona taarifa yake, na ana haki ya kuipinga anapoona si sahihi, kisha kampuni inapaswa kuchunguza kwa kumrudia aliyeileta. Kanuni za Benki Kuu za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha, za mwaka 2019, zinampa njia ya malalamiko: kwanza kwa mtoa huduma mwenyewe, na asiporidhika, Benki Kuu. Juu ya hizo kuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi, Na. 11 ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023, na Tume yake iliyozinduliwa rasmi na Rais mwezi Aprili 2024. Sheria hiyo haikutungwa kwa ajili ya mikopo peke yake, lakini inaigusa barabara. Inakupa haki ya kujua taarifa zako zinachakatwa na nani na kwa lengo gani, haki ya kutaka zisizo sahihi zirekebishwe au zifutwe, na haki ya kudai fidia ukipata madhara. Inagusa pia uamuzi unaofanywa na mashine peke yake bila binadamu kuutazama. Hapo lile neno "mfumo umekataa" linapata tafsiri mpya kabisa. Ikiwa kweli ni mfumo uliokataa, una haki ya kudai uamuzi huo utazamwe upya. Ikiwa ni binadamu aliyekataa, basi aseme hivyo na atoe sababu. Nyuma ya sheria zote hizo imesimama ibara ya 16 ya Katiba yetu ya mwaka 1977, inayolinda faragha ya mtu.

Kwa hiyo upungufu wetu hauko katika vitabu vya sheria. Uko kati ya kitabu na kaunta. Haki ya kuona taarifa haina maana kwa mtu asiyejua kwamba taarifa ipo. Na anayeweza kumjulisha kwa urahisi kuliko wote ni yule anayemnyima mkopo, katika dakika ileile anayomnyima. Ningeanzia hapo. Kila anayekataliwa mkopo kwa sababu ya taarifa hiyo apewe karatasi moja, kwa Kiswahili, inayosema: tumekukatalia, sababu ni taarifa tuliyoipata kwa kampuni fulani tarehe fulani, iliyoletwa na mkopeshaji fulani, na ukiona si kweli nenda hapa. Karatasi moja. Benki zinazoweza kututumia ujumbe wa simu kila tunapotoa shilingi elfu tano haziwezi kutuambia kwamba hilo ni gumu.

Majirani zetu wa Kenya walitangulia katika njia hii, na walijikwaa mapema kuliko sisi, kwa hiyo inafaa kuwatazama. Mwanzoni kampuni zao zilibadilishana habari mbaya tu. Mlipaji mzuri hakuonekana popote, ila mkosaji alionekana na kila mtu. Habari njema ziliruhusiwa kwa kanuni za mwaka 2013, lakini watu walikwisha kuzoea kuita jambo zima "orodha nyeusi", na jina hilo limewaganda hadi leo. Ikaja mikopo ya simu, na mamilioni wakaingia katika orodha kwa madeni ya shilingi mia mbili mia tatu za Kenya. Mwezi Aprili 2020 Benki Kuu yao ilipiga marufuku kumwandika mtu vibaya kwa deni lisilofika shilingi 1,000, na ikawanyang'anya ruhusa ya kutumia utaratibu huo wakopeshaji wa kidijitali wasiosimamiwa. Mwaka 2022 ikalazimika kufanya zaidi: ikaja na mpango wa kuwasafishia rekodi wakopaji wa simu, ambao mabenki yalitakiwa kuwasamehe angalau nusu ya deni, na walengwa walikadiriwa kuwa zaidi ya milioni 4.2. Nchi inapolazimika kuwatoa watu milioni nne katika orodha kwa mkupuo, maana yake ni kwamba orodha ile ilikwisha kupoteza kazi yake. Ilikuwa imewaweka kapu moja tapeli na mtu aliyesahau deni la vocha.

Jambo jingine la Kenya linanitisha zaidi, na wenzangu wa utumishi wa umma wanisikilize hapa. Huko kijana anayeomba kazi serikalini ametakiwa kwa miaka mingi kuambatanisha cheti cha kampuni ya taarifa za wakopaji kuonyesha kwamba hadaiwi. Fikirini mantiki yake. Hana kazi, kwa hiyo hajalipa. Hajalipa, kwa hiyo hapewi cheti. Hana cheti, kwa hiyo hapewi kazi. Taarifa iliyokusanywa kwa lengo la kupima uwezo wa kulipa mkopo ikageuzwa kuwa kipimo cha tabia, kama yale madaftari ya Tappan. Hapa kwetu hatujafika huko, na sheria yetu ya mwaka 2022 inasema taarifa zitumike kwa lengo zilizokusanyiwa. Lakini nimesikia katika vikao wazo hilo likitajwa kwa kupendezwa. Naomba walio katika nafasi za kuandika miongozo ya ajira walikatae mapema.

Nasema hivi nikiwafikiria wanafunzi. Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2004, imekuwa ikieleza waziwazi kwamba wadaiwa sugu hufikishwa kwenye kampuni za taarifa za wakopaji. Kwa aliyeajiriwa akakwepa, sina la kumtetea. Lakini mhitimu anayeendesha bodaboda hapa Makulu kwa mwaka wa nne huku akingoja ajira si mkwepaji, na rekodi inayowaandika wote wawili kwa neno moja haijasema kweli juu ya yeyote kati yao. Aidha, mwajiri anayekata asilimia 15 ya mshahara na kuchelewa kuiwasilisha, dhambi yake isiandikwe katika faili la mfanyakazi.

Narudi kwenye ardhi yetu. Utaratibu wa taarifa za wakopaji umejengwa juu ya dhana ya mtu anayelipwa kila mwisho wa mwezi. Uwanda huu wa kati hauishi hivyo. Mvua zetu ni za msimu mmoja, huanza kuelekea Desemba na kukatika Aprili, na miaka mingine hukatika Februari bila kuaga. Mkulima wa alizeti huona fedha mara moja kwa mwaka. Mkulima wa zabibu wa Mpunguzi au Hombolo ana bahati ya mavuno mawili, lakini hata yeye haoni chochote kati ya msimu na msimu. Mkope mtu huyu kwa marejesho ya kila mwezi, na umemwandalia kuchelewa kabla hajaanza. Rekodi yake itasema alikosa Mei, akakosa Juni, akakosa Julai, akalipa yote Septemba. Ofisa aliyeko ghorofani Dar es Salaam ataona mtu msumbufu. Aliyeko Hombolo angemwona mtu aliyelipa siku aliyouza. Tatizo hili halisahihishwi kwa barua ya malalamiko, maana taarifa hiyo ni sahihi kila tarakimu. Linasahihishwa kwa mkataba wenye ratiba ya mavuno, na rekodi inayopima ucheleweshaji kwa ratiba hiyo. Benki ya Maendeleo ya Kilimo na vyama vya ushirika vya mkoa huu vina nafasi ya kuongoza hapa.

Na kuna rekodi ambayo haimo kabisa. Vikoba. Mwanamke wa Kizota aliyelipa hisa na mikopo ya kikundi kwa miaka minane, mbele ya mashahidi ishirini na watano, kwa daftari lililojaa sahihi na sanduku la kufuli tatu, ana historia ya ukopaji ambayo wabunge wengi hawana. Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018 inavitambua vikundi hivi kama daraja la nne la watoa huduma. Daftari lao, hata hivyo, halisomwi na ofisa mikopo yeyote. Sidai kwamba kila kikoba kiunganishwe na kanzidata kesho. Wanachama wengi wana sababu nzuri za kutotaka mambo yao yasomwe mjini. Nadai kwamba anayetaka historia hiyo ihesabiwe, kwa ridhaa yake, apewe njia.

Kwa upande mwingine tusichanganye mambo. Ukipigiwa simu na mtu anayekutukana kwa deni la elfu hamsini, au shangazi yako wa Mpwapwa akitumiwa ujumbe kwamba wewe ni mwizi, hiyo siyo kampuni ya taarifa za wakopaji. Huyo ni mkopeshaji wa programu ya simu aliyechota orodha ya namba zako siku uliyobonyeza "nakubali". Benki Kuu ilitoa mwongozo kwa wakopeshaji wa kidijitali mwezi Agosti 2024, na Novemba mwaka huohuo ikatangaza majina ya programu 69 zilizokuwa zikikopesha bila leseni. Wanaotishia "tutakupeleka kwenye mfumo" mara nyingi hawana hata ruhusa ya kuufikia mfumo huo. Malalamiko dhidi yao yaende Benki Kuu na kwenye Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi, pamoja na picha za ujumbe waliotuma.

Ningependa Bunge, ambalo liko umbali wa kutembea kutoka Benki Kuu hapa Dodoma, liulize maswali machache. Ni malalamiko mangapi ya taarifa zisizo sahihi yalipokelewa mwaka uliopita, na mangapi yalithibitika? Mkopeshaji aliyepeleka taarifa ya uongo na kukataa kuirekebisha aliadhibiwa nini? Takwimu hizo zikitangazwa kila mwaka, benki kwa benki, makosa yatapungua bila semina wala kongamano.

Kwa msomaji ambaye hataki kulingoja Bunge, njia iko wazi. Omba taarifa yako kwenye kampuni zote mbili, kwa sababu yaliyomo kwa moja si lazima yawemo kwa nyingine. Kagua majina, namba ya kitambulisho, mikopo uliyomaliza, mikopo usiyoitambua, na madeni uliyoyadhamini. Ukikuta kosa, andika barua mbili, moja kwa kampuni na moja kwa mkopeshaji aliyeleta taarifa, ueleze kosa ni lipi, unataka liandikwe vipi, na uambatanishe ushahidi. Kila mkopo unaoumaliza, usiondoke benki bila barua ya kuthibitisha kwamba salio ni sifuri, na ukihamisha mkopo, rudi baada ya mwezi mmoja ukaulize kama kuna shilingi iliyobaki. Nakala za barua zote zigongwe muhuri wa mapokezi wenye tarehe, na nakala hiyo ibaki nyumbani kwako.